Nilivyoshuka Maporomoko ya Sipi

Nilizaliwa Liwatoni, upande wa kisiwa cha Mombasa unaotazama maji ya Kilindini, na utoto wangu wote ulizungukwa na kamba. Baba yangu alikuwa sarahangi katika majahazi kabla ya kupata kazi bandarini ya kufunga na kufungua meli, na maneno ya kwanza niliyojifunza kwake yalikuwa majina ya kamba: henza ya kupandishia tanga, demani ya kulizuia tanga katika upepo, na amari ya nanga. Nyumbani petu mtoto asiyejua kufunga fundo alihesabiwa sawa na mtoto asiyejua kunawa mikono kabla ya kula.

Walakini palikuwa na jambo moja ambalo kamba hazikunifundisha. Niliogopa mahali pa juu. Nilipokuwa na umri wa miaka 12 nilipanda mlingoti wa jahazi lililokuwa limepwelewa ufuoni, nikishindana na wenzangu. Nilipofika katikati nilitazama chini. Mikono ilikaza, miguu ikafa ganzi, nikawa siwezi kupanda wala kushuka. Wenzangu walicheka hadi wakachoka. Baba hakucheka. Alisimama chini ya mlingoti akaniambia kwa sauti yake ya kila siku, "Usitazame chini wala juu. Tazama mkono wako, kisha usogeze." Nikashuka mkono baada ya mkono. Tangu siku hiyo sikupanda tena kitu kilichozidi ngazi ya nyumba; na kwa kuwa kisiwa chetu hakina mlima, kilinisitiri. Aibu ile niliitunza kwa zaidi ya miaka 40, wala hapana mtu aliyeniuliza habari zake.

Aliyekuja kuitoa mafichoni ni mpwa wangu. Alikuwa amemaliza masomo ya sekondari, anangoja kuingia chuo kikuu, na kichwa chake kilikuwa kimejaa mchezo ambao sikuwa nimeusikia: kushuka makorongo na maporomoko ya maji kwa kamba, siku tatu mfululizo, chini ya mwongozi. Mama yake, ambaye ni dada yangu mdogo, alikataa kata kata. Kijana akanijia jioni moja, akaketi barazani pangu kwa adabu nyingi kuliko desturi yake, nikajua ana haja.

"Shikamoo, Mjomba. Mama amesema nitakwenda ikiwa utakwenda nami."

Ningeweza kukataa, lakini kukataa kulihitaji sababu, na sababu ilikuwa ile aibu. Nikakubali. Usiku wa kuamkia safari dada yangu aliniita kando. "Kaka," alisema, "nakukabidhi mwanangu mzima. Nirudishie mzima." Hakusema zaidi, na kwa watu wa nyumba moja maneno hayo yalitosha.

Yafaa nieleze kidogo asili ya mchezo huu, maana hata mimi nilisoma habari zake kwanza, kama afanyavyo mtu mwoga. Mwaka 1876 mwongozi mmoja wa milima ya Ufaransa, Jean Charlet, alikuwa akijaribu peke yake kukipanda kilele kiitwacho Petit Dru. Akashindwa kufika juu, na katika kutafuta njia ya kurudi akabuni namna ya kushuka kwa kuizungusha kamba na kuivuta tena baada yake. Miaka mitatu baadaye alirudi na wenzake akakifikia kilele. Mwaka 1905 mtaalamu wa mapango, Édouard-Alfred Martel, aliongoza msafara ndani ya korongo la mto Verdon kusini ya Ufaransa. Watu kama hao walishuka kwa haja au kwa elimu. Waliowafuata walishuka kwa kupenda, na hivyo kazi ikawa mchezo.

Kwetu Afrika ya Mashariki maporomoko si haba. Yako ya Sheldrick katika milima ya Shimba, si mbali na Mombasa. Yako ya Thomson huko Nyahururu, ambako maji huanguka mita 74. Lakini kijana alikuwa amechagua Sipi, nchini Uganda, kwenye mteremko wa mlima Elgon, mahali palipopata sifa kwa watu wa kamba. Tulikwenda mwezi wa Aprili. Si kwa hekima, bali kwa sababu ndipo nilipopata likizo katika kazi yangu ya ukarani.

Tulipanda gari la moshi Miritini mpaka Nairobi kwa ile reli mpya iliyofunguliwa mwaka 2017, kisha basi la usiku mpaka mpakani Malaba, kisha Mbale, na kutoka Mbale barabara ikaanza kupanda. Elgon ni volkano ya kale iliyozimika, na mpaka wa Kenya na Uganda umepita juu yake. Kilele chake kirefu, Wagagai, kina mita 4,321. Sipi yenyewe iko chini sana ya kilele, lakini imezidi mita 1,700 juu ya bahari, na kwa mtu wa Liwatoni aliyezoea joto na chumvi, hewa yake ilikuwa kama maji ya mtungi. Wenyeji ni Wasabiny. Hulima kahawa na migomba kwenye miteremko ambayo mimi nisingethubutu hata kusimama juu yake. Wilaya yao ya Kapchorwa ndiyo iliyomlea Joshua Cheptegei, mshindi wa mbio za mita 10,000 katika Olimpiki ya Paris mwaka 2024. Na baada ya kupanda kilima kimoja tu pale nilielewa mapafu kama yale hutoka wapi.

Maporomoko ya Sipi ni matatu, moja juu ya jingine, na yaliyo makubwa kuliko yote yana karibu mita 100. Mto hufika ukingoni mwa genge ukiwa mdogo na mtulivu, kisha hujiachia. Nilipoyaona kwa mara ya kwanza kutoka ng'ambo ya bonde, yalionekana kama kipande cha melimeli nyeupe kilichoanikwa. Mpwa wangu alipiga kelele ya furaha. Mimi niliuliza choo kiko wapi.

Mwongozi wetu alikuwa kijana wa pale pale, umri wake haukufika hata nusu ya wangu. Kiswahili alikipata Kitale, upande wa pili wa mlima, alikofanya biashara. Siku ya kwanza alitufundisha kwenye jabali dogo, lenye kimo cha mwembe. Alituvisha mikanda mipana ya kiunoni na mapajani, na kofia ngumu kichwani. Kisha akatuonyesha kifaa kidogo cha chuma chenye umbo la tarakimu nane, ambacho kamba hupitishwa ndani yake na kuzunguka shingo yake. Siri yote ya kushuka imo humo. Anayebeba uzito wa mtu si mkono wake, bali msuguano wa kamba na chuma. Mkono wa chini huongoza tu. Kamba ikipelekwa nyuma ya nyonga husimama, ikilegezwa huteleza. Hata mtoto aweza kumzuia mtu mzima.

Hapo moyo wangu ulitulia, maana nilikuwa nimefika katika lugha ya baba yangu. Mabaharia huzungusha kamba ya meli kwenye nguzo ya gati mara mbili tatu, na mtu mmoja akazuia chombo ambacho watu 50 hawawezi kukivuta. Niliipapasa kamba ile. Haikuwa ya makumbi ya nazi, kama zile ambazo wazee wetu walizisokota baada ya kuyafukia makumbi mchangani mwa pwani na kuyaponda, wala haikuwa ya mkonge. Ilikuwa ya nailoni, yenye kiini cha nyuzi nyingi ndani na ala iliyofumwa nje. Kamba za namna hiyo zilianza kutengenezwa Ujerumani mwaka 1953. Kiini hubeba uzito, ala hukilinda kiini. Mwongozi alikagua kila fundo, akaenda zake, akarudi, akalikagua tena. Nilimwuliza kama alikuwa na shaka na kazi yake. Akajibu, "Mzee, fundo halijui kuwa nimelifunga mimi."

Siku ya pili ilikuwa siku ya maporomoko makubwa. Sitaficha kitu. Usiku ule sikulala, na asubuhi chai ilinishinda. Mpwa wangu alishuka kwanza akapotea chini ya ukingo, na kwa muda wa dakika nyingi sikuona ila kamba inayotikisika. Kisha sauti yake ndogo ikapanda kutoka bondeni ikisema amefika. Ikawa zamu yangu.

Jambo gumu katika kushuka kwa kamba si kushuka. Ni kule kuegemea nyuma mara ya kwanza. Mwili wote unakataa. Miguu iko ukingoni, mgongo unaelekea shimoni, na mtu huambiwa akalie hewa kama anayekalia kiti. Mwongozi alisubiri bila kunihimiza. Nikasikia, kama kwamba yuko karibu, sauti ya baba yangu chini ya ule mlingoti. Nikautazama mkono wangu. Nikausogeza. Mkanda ukakaza mapajani, kamba ikalia kidogo, nami nikawa nimekaa hewani.

Mita za kwanza nilikanyaga mwamba wenye kuvu na majani mabichi. Kisha genge likaingia ndani, miguu ikakosa pa kukanyaga, nikaning'inia. Pembeni yangu maji yalikuwa yakianguka kwa mngurumo usiokoma, na manyunyu yake yaliniloweka uso na mikono. Mbayuwayu walipita chini ya miguu yangu. Sikuwa nimepata kuona mgongo wa ndege arukaye. Mahali fulani katikati, sijui wapi, niligundua kwamba nilikuwa natazama chini, na mikono yangu haikukaza. Nilipofika kwenye mawe ya chini mpwa wangu alinikumbatia. Nilicheka na kulia kwa pamoja, mtu mzima mwenye mvi. Jioni ile nilikula sahani mbili, nikasimulia kisa cha mlingoti kwa sauti kubwa, nikakisimulia tena kwa wageni wa meza ya pili. Nililala nikiwa mtu mwingine.

Mtu huyo mwingine ndiye aliyenitia hatarini siku ya tatu.

Siku hiyo tulipangiwa kushuka ndani ya korongo lenyewe, chini ya maporomoko: kutembea ndani ya mto, kushuka vijiporomoko kwa kamba, na kuogelea mabwawa kati ya kuta za mawe. Kulikucha vizuri. Jua liliwaka, majani yalimetameta. Tulifika mahali pa kuingilia, tukavaa mikanda. Mwongozi alisimama akautazama mto, kisha akautazama mlima kwa muda mrefu, akasema, "Leo hatuingii."

Nilimwuliza sababu. Alinyosha mkono kuelekea huko juu, ambako wingu jeusi lilikuwa limeketi juu ya msitu, mbali sana na sisi. "Kule kunanyesha," alisema.

"Kijana," nilimwambia, "kule si hapa. Hapa jua linawaka. Tumelipa siku tatu, na mimi ni mtoto wa baharini, siogopi maji." Hakujibu. Nikamwambia nitamwongeza fedha. Akatikisa kichwa. Mpwa wangu alinigusa mkono, akanong'ona, "Mjomba, tusiende." Nikauondoa mkono wake. Na hapo nikatoa maneno ambayo ningetoa fedha nyingi zaidi ili niyarudishe: nilimwambia yule kijana kwamba ikiwa yeye anaogopa, atupe kamba tutashuka wenyewe.

Hakukasirika. Aliikunja kamba taratibu, pete juu ya pete, kama baharia, akaiweka chini, akaikalia.

Tulikaa hivyo, yeye juu ya kamba yake na mimi juu ya hasira yangu. Sijui kama saa nzima ilipita. Kwanza tulisikia mvumo, nikadhani ni lori barabarani. Kisha mto ulibadilika rangi mbele ya macho yetu, kutoka maji safi mpaka rangi ya chai ya maziwa, na kutoka rangi hiyo mpaka ya udongo. Kisha ukapanda. Jiwe ambalo tulikuwa tuanzie safari yetu, jiwe la kimo cha mtu, likazama. Na juu yake likapita gogo zima na mizizi yake, likijigonga ukuta huu na ukuta ule. Ndani ya korongo lile hamna ufuo wala mahali pa kukimbilia. Jua lilikuwa bado linawaka.

Nilimtazama mpwa wangu, na masikioni mwangu nikasikia, "Nirudishie mzima."

Jambo lile halina muujiza, na lau ningelifikiri kidogo ningelielewa, maana nimekua kati ya nyumba za Mombasa zenye mlizamu. Mvua hunyesha juu ya paa zima, lakini maji yote ya paa hutokea mahali pamoja, na mtoto anayesimama chini ya mlizamu huloa kuliko aliyesimama uwanjani. Mlima ni paa, korongo ni mlizamu. Mvua ya upande mzima wa mlima hukusanyika ikapita katika njia yenye upana wa chumba kimoja, wala haimwulizi aliye ndani kama juu yake kuna jua au wingu. Ndivyo ilivyokuwa tarehe 27 Julai 1999 karibu na Interlaken, nchini Uswisi, katika korongo la Saxetenbach: watu 21 walikufa kwa mkupuo mmoja wa maji, wageni 18 na waongozi 3. Ndivyo ilivyokuwa Aprili 2012 katika korongo la Hell's Gate, karibu na Naivasha katika nchi yetu wenyewe, ambako vijana 7 waliokwenda matembezi na kanisa lao walichukuliwa na mafuriko. Na mwaka 2019 korongo lile likaua tena. Na watu wa Elgon hawahitaji kusimuliwa, kwa kuwa Julai 2022 mito ya mlima huo ilifurika Mbale ikaua zaidi ya watu 20.

Habari za Hell's Gate nilikuwa nazijua. Nilizisoma gazetini mwaka ule ule, nikasikitika kama watu wote. Kujua hakukunifaa kitu. Siku ya kwanza, nilipokuwa nimejaa hofu, nilimsikiliza mwongozi neno kwa neno. Nilikagua kila fundo, niliuliza kila swali. Siku ya tatu hofu ilikuwa imeondoka, na mahali ilipokuwa imeketi paliingia mgeni mwingine, nikampokea nikidhani ni ujasiri. Kumbe kiburi huvaa nguo za ujasiri, na mara nyingi huja siku moja tu baada yake. Kwa mita 100 za siku ya pili nilipewa sifa na watu wote. Walakini kazi ngumu ya safari ile haikuwa kuegemea nyuma juu ya shimo. Ilikuwa kukubali neno "hapana" kutoka kwa kijana ambaye ningeweza kumzaa. Mpwa wangu aliiweza, mimi niliishindwa.

Wazee wetu husema kwamba asiyesikia la mkuu huvunjika guu. Siku zote niliisikia methali hiyo nikiwa na hakika kwamba mkuu ni mimi, au atakuwa mimi siku moja mvi zitakapofika. Lakini nahodha wa chombo si lazima awe mzee wa wote waliomo chomboni. Baba yangu, akiwa mtu wa makamo, alipata kusafiri chini ya nahodha aliyemzidi miaka kumi na zaidi. Na nahodha aliposema hatutweki leo, baba alikwenda kulala. Mkuu wa mahali ni yule anayepajua, na anayekubali kubeba lawama ya waliohai kuliko shukrani ya watakaokufa.

Kabla ya kuondoka Sipi nilimtafuta mwongozi. Nilimkuta akizianika kamba juani, akizipitisha mkononi kidogo kidogo ili aone kama ala imechubuka. Si jambo jepesi kwa mzee wa pwani kumwomba radhi kijana, na nilikuwa nimeyatunga maneno mengi, lakini yote yalinipotea. Nikasema tu, "Mwanangu, niwie radhi."

Akatabasamu. "Mzee, wengi hunikasirikia," alisema. "Afadhali mtu anikasirikie naye yu hai."

Kisha akanipa ncha ya pili ya kamba nimsaidie kuikunja.

Tulirudi Liwatoni siku ya tano. Dada yangu alimpapasa mwanawe mabega na mikono kama anayehesabu viungo vyake, akanishukuru kwa kumtunza. Ningeweza kuzipokea shukrani hizo, na kijana, kwa adabu zake, asingesema neno. Nilimwomba dada akae, nikamweleza habari ya siku ya tatu tangu mwanzo, pamoja na maneno niliyoyasema na ule mkono nilioundoa. Alininyamazia siku mbili. Siku ya tatu alileta mahamri, akaniuliza jina la yule kijana wa Sipi, apate kumtaja katika dua zake.